Kiti cha Mvule

Feruzi,

Salamu ya watu wa makaburini nilikupa Ijumaa, wewe na wote mliolala huko, kwa kauli moja kama inavyotakiwa. Hii ni yako peke yako. Ni mimi Nassor, seremala wa Darajani, yule Bwana Shamba wa ulingoni ambaye kila Idd ulimpiga mbele ya kadamnasi, na baina ya Idd na Idd ukaja kwake kwa mlango wa uani kula mihogo. Najua barua haifiki huko uliko. Naandika hivyohivyo, kwa sababu pale kaburini hapakosi watu, na haya si ya kusemwa mbele za watu.

Jana nilikwenda kwa mama yako nikamwambia habari ya kiti. Miaka mitatu nimemficha. Alivyonijibu nitakuandikia, lakini si hapa mwanzo. Nikianza na hilo sitaweza kuandika mengine.

Habari za mji kwanza. Siku hizi ni foleni, bwana. Unga foleni, mchele foleni, sukari foleni, na mtu akiona watu wamesimama na yeye husimama, halafu ndiyo huuliza kinauzwa nini. Mkokoteni wako ameuchukua mtu wa shamba, gurudumu la kushoto kalifunga kwa waya. Ungemuona ungemtia makofi. Mzee Kibiriti ameacha mieleka. Anatembeza kahawa na vikombe vyake, na domo lake ni lilelile, anamwambia kila mnywaji kwamba yeye ndiye aliyetutoa sisi wawili.

Uongo hakusema. Alikuwa mkata tiketi wa senema, akenda Mombasa kumtembelea nduguye, huko akaona mieleka: watu wazima wawili wanauana kwa uongo na watazamaji wanalia machozi ya kweli. Akarudi na wazo lake. Mapinduzi yalikuwa yamekwishapita, na yule mzee alijua ni uongo gani watu wa Unguja wangeupenda. Alitaka Hamali mmoja wa kushinda na Bwana Shamba mmoja, Mwarabu mwenye mashamba, wa kupigwa. Hamali hakumtafuta mbali, wewe ulikuwa ukibeba magunia mawili ya karafuu mabegani na huku unaimba, tena unaimba vibaya. Bwana Shamba alikuja kumtafuta karakanani kwangu. Pua ninayo, ndevu ninazo, na joho la baba lilikuwa limetundikwa msumarini tangu Januari ile watu watatu walipomwita nje mara moja. Hiyo mara moja haijesha mpaka leo.

Jamaa zangu walinishangaa nilipokubali. Wewe hukunishangaa. Uliniambia, "Bora wakupige mara mbili kwa mwaka mie nkiwepo, kuliko wakupige siku watakayo wao na mie nsiwepo." Na ikawa kweli. Tangu nianze kupigwa ulingoni, hakuna aliyenigusa njiani. Watu waliokuwa wakinitazama kwa jicho la kukata wakaanza kunicheka, wakiniita, "Bwana Shamba, mbavu zishapona?" Nikawajibu bado, nao wakafurahi.

Kazi yetu ilikuwa uongo wenye damu ya kweli, na anayesema mieleka ile ilikuwa mchezo wa watoto na aje nimuoneshe mgongo wangu. Nilikuwa nikificha kipande cha wembe kwenye kitambaa cha kidole. Ukinibwaga kifudifudi nilijikata hapa juu, mpaka wa nywele, nikiinuka uso wote ni mwekundu na wanawake wanapiga mayowe. Ikiwa msimu wa duriani, Mzee Kibiriti alikusanya maganda sokoni akayamwaga chini, miiba juu, ukaninyanyua ukanitupa hapo kwa mgongo. Nisiseme upupu. Siku uliponipaka upupu shingoni nilikimbia ulingo mzima nikijikuna kwenye nguzo mithili ya punda, nikamsikia mzee mmoja wa heshima zake anaomba maji kwa kucheka. Usiku wake hukulala wewe, kwa sababu ulisahau kunawa mikono. Nilicheka peke yangu nilipoambiwa, mgongo unauma na nacheka.

Baada ya kila Idd ulikuja kwa mlango wa uani kunitibu. Ulinipaka mafuta ya karafuu kwenye matundu ya duriani, nikapiga kelele kuliko zile za ulingoni, na wewe unaniambia ninyamaze, watu wa dirishani watafikiri unaniua na wao hawajatayarisha viti vya kukalia. Hadharani hatukuwa tukisalimiana. Ukipita na mkokoteni mbele ya karakana ulitema mate chini, watu wakakupigia makofi. Mara moja ulitema vibaya yakaingia kwenye kopo langu la gundi. Jioni ulikuja kuomba radhi na embe mbili.

Sasa viti. Hapa ndipo penyewe.

Viti vya kuvunjia vilikuwa kazi yangu. Nilivitengeneza kwa msufi, mti mwepesi usio na nguvu, nikazikata ndimi za miguu, zile ncha zinazoingia kwenye matundu ya kiti, robo tatu kwa msumeno mwembamba, ufa nikauziba kwa nta na unga wa mbao, juu nikapaka rangi. Kikikushukia mgongoni kilipasuka chote kwa kishindo, vipande vikaruka mpaka kwa watazamaji, na wewe ukabaki na alama ya siku mbili. Hukupata kuumizwa na kiti changu cha msufi, si Idd ndogo si Idd kubwa. Pembeni mwa ulingo kulikuwa na kiti kingine, cha mpiga kengele. Hicho ni cha mvule, mti mgumu mzito, ndimi zimeingia barabara, hakina msumari hata mmoja. Nacho nilikitengeneza mimi, kwa ajili ya kukaliwa. Rangi ilikuwa moja kwa sababu kopo lilikuwa moja.

Na jambo la joho tulikubaliana tangu siku ya kwanza. Nilisema nivuliwe kilemba, nipakwe upupu, niburuzwe, nitukanwe mimi na ukoo wangu wote, lakini joho nitalivua mwenyewe, nitalikunja, nitampa mwamuzi alishike. Ulinipa mkono. Idd zote ulilichunga wewe kuliko mwamuzi, ukamkaripia akiliburura.

Idd ile ya mwisho uliingiwa na nini, Feruzi? Nimejiuliza mpaka nimechoka. Nafikiri hukuingiwa na kitu, uliwasikia watu tu. Ilikuwa alasiri, siku ya pili ya Idd, watu wamejaa mpaka juu ya miti. Ulinipiga ngumi za mbavu, mbili kati yake hatukuzipanga. Ukanitupa kwenye duriani mara ya kwanza, ukanirudisha mara ya pili. Nilikuwa nimepiga magoti, damu imeniingia machoni, ndipo mtu mmoja upande wa mnadani akaanza, "Joho! Lichane joho!" Wakaitikia wote. Ulinitazama. Nilitikisa kichwa, uliniona. Ukageuka ukamnyang'anya mwamuzi.

Ulipolivaa ukatembea matao kama mabwana wa zamani, nilivumilia. Nilisema moyoni, mwache, wacheke, litavuliwa. Halafu ukalitandaza juu ya maganda ya duriani, ukasimama juu yake, ukafuta miguu. Kwanza wa kulia. Ukafuta na wa kushoto. Nikasikia mshono wa mabegani unaachia. Baba alilivaa Idd na harusi, na asubuhi aliyoitwa alilitundika kwanza, kwa sababu walimwambia anarudi sasa hivi. Hiyo ndiyo nguo ambayo mikono yake ilikuwa ya mwisho kuigusa kabla ya yangu.

Niliinuka. Kiti cha msufi kilikuwa kulia kwangu, mahali pake pa siku zote. Cha mvule kilikuwa kushoto, mpiga kengele amesimama kuangalia vizuri. Nilishika cha kushoto.

Niliwaambia watu, na mama yako, kwamba damu ilikuwa machoni, rangi moja, nikavichanganya. Kila mtu aliniamini isipokuwa maseremala wawili watatu wa Darajani ambao hawakusema kitu. Seremala hawezi kuchanganya msufi na mvule, Feruzi. Nikiwa nimefumba macho, nikiwa na homa, nikiwa nakufa, mkono wangu utaniambia. Kile kiti kilikuwa kizito tangu kilipoacha ardhi, na mimi nilijua, na nilikinyanyua zaidi, nikakugeuzia ukingo wa sehemu ya kukalia. Ulikuwa umenipa mgongo, umeinua mikono kwa watu. Nilikupiga nyuma ya sikio kwa nguvu zangu zote. Nilitaka ufe. Sijui yalikuwa mapigo mangapi ya moyo niliyotaka hivyo, labda matatu, lakini katika hayo matatu nilitaka, na kiti kilikuwa hewani.

Hakikuvunjika hata kijiti. Watu walicheka kwanza, wakingoja vipande. Sauti nayo ilikuwa ngeni, haikuwa ile ya kupasuka waliyoizoea. Ulianguka juu ya joho na maganda, mguu mmoja ukawa unapiga chini wenyewe. Kicheko kikakatika. Jiwe la kwanza lilinipata mdomoni. La pili begani. Nikawaona wanaruka kamba, mmoja ana rungu, mwengine kashika ganda la duriani kwa kofia yake, na wote wanasema neno moja tu. Nilijua nakufa na nilisimama.

Ukainuka. Wallahi mpaka leo sijui uliinukaje. Ulinikamata shingo kwapani, vilevile tulivyofanya kila Idd mwisho wa onyesho, ukainua mkono mmoja kwa watu, ukaanza kuniburura kupita katikati yao. Wakapiga makofi! Walifikiri yote yalipangwa, wakafungua njia, waliokuwa na mawe wakayaachia. Mimi nilikuwa kwapani mwako, na damu ya sikio lako inanitiririkia mashavuni, ya moto, na unahema kama mtu aliyebeba kitu kisicho na mwisho. Hatua za mwisho nilikuwa nakubeba mimi. Ulipofika nyuma ya turubai miguu ikakwisha.

Siku tisa ulilala kwa mama yako Miembeni. Bi Zafarani hakulala hata moja. Askari walikuja siku ya tatu, nami nimekaa mkekani karibu na miguu yako, nimeshatayarisha nafsi yangu. Mtu wa asili yangu, mwaka ule, amempiga Hamali wa watu mbele ya mji mzima. Wewe mwenyewe ulijua ningepelekwa wapi. Uliwaambia, tena pole pole maana ulimi ulikuwa mzito, "Mie ndo nlomwambia alete kizito. Watu washachoka na vya msufi. Ni kazi." Halafu ukanitazama kwa lile jicho moja lililokuwa bado linafunguka. Hukukasirika. Ulikuwa unanitazama kama unavyoutazama mzigo kabla hujauinua, unaupima. Mtu aliyebeba magunia tangu ujana hahitaji kuambiwa kitu gani ni kizito katika mikono ya mwenziwe. Uliniona nilivyokinyanyua, au ulisikia upepo wake, au uliijua tabia yangu tu. Ulijua.

Siku ya kumi nilishika kata ya maji wakati wa kukuosha. Kila kovu la mwili wako nililijua limetoka Idd ipi.

Baada ya maziko mama yako aliniita mlangoni, watu wote wanasikia. Alisema, "Mwanangu kasema kazi, basi kazi. Nimekuwia radhi, Nassor, dunia na akhera." Nikapiga magoti nikambusu mikono. Hapo ndipo nilipoiba. Nilichukua radhi ya mzazi kwa uongo, nikenda nayo nyumbani, na tangu siku ile haikunipa raha hata ya kumaliza sahani ya wali.

Mzee Kibiriti hakungoja arubaini iishe vizuri. Alipita mitaani na pembe yake akitangaza kwamba Idd kubwa Muuaji wa Hamali atapambana na ndugu yake Hamali. Ndugu yako! Mtu mmoja mkubwa wa Bububu ambaye hujapata kumuona. Nilikubali, na aliponiambia nitengeneze viti, nilitengeneza. Nilivitengeneza vya mvule, vinne, ndimi nzima, nikavipaka rangi, sikumwambia mtu. Yule maskini alidhani anacheza. Cha kwanza kilinivunja mtulinga, huu mfupa wa begani. Cha pili nilikizuia kwa mkono wa kushoto bila ya kutaka, mwili una woga wake, vidole viwili vikageuka nyuma. Cha tatu kilichukua meno. Aliona mwenyewe kwamba viti havivunjiki na mtu ndiye anayevunjika, akakitupa cha nne akaanza kulia mbele ya watu, anauliza, "Nnafanya nini? Nnafanya nini?" Onyesho likafa hapo. Mieleka ya Unguja ilikwisha siku ile, kama unataka kujua ilikwishaje.

Nililala miezi miwili nikitazama dari. Nilitarajia nitajisikia nimepungukiwa na mzigo, na sikupungukiwa na kitu ila meno. Vile vidole havikunji tena, randa naishika kwa tabu. Nikajiambia ndiyo basi, nitazeeka nayo.

Sasa sikia. Mwezi uliopita nilikuwa kwenye foleni ya unga, nyuma kabisa, jua kali. Mama yako alikuwa mbele. Amezeeka, Feruzi, na kikapu anakishika kwa mikono miwili. Akageuka akaniona na mkono wangu mbovu. Akatoka mahali pake, akaja mpaka nyuma, akanishika kiwiko akanipeleka mbele, anawaambia watu, "Mpisheni mwanangu huyu, mgonjwa." Wakanipisha. Nikasimama mbele yake, anapumua mgongoni kwangu, na kila dakika ananiambia, "Sogea, baba, sogea." Unga ule sikuula. Niliutazama wiki tatu mpaka ukaingia wadudu.

Jana baada ya alasiri nilikwenda. Alikuwa ukumbini anasuka ukili. Nilimpa shikamoo, akaitikia marahaba, akanisogezea mkeka. Sikukaa. Nilimwambia nimesimama, kwa mfululizo, joho na duriani na kiti cha kushoto, nikamwambia nilijua uzito wake, nikamwambia nilitaka ufe. Nilidhani atapiga ukunga. Nilidhani atachukua mchi, na ungekuwa halali yake. Aliendelea kusuka mpaka nilipomaliza, halafu ukili ukamsimama mkononi.

Aliniuliza neno moja tu. "Feruzi alijua?"

Nikamwambia, "Alijua, Bi Zafarani."

Aliuweka ukili chini mkekani. Kisha akasema, na sauti yake haikupanda, "Basi yeye kakusamehe anajua. Mie nlikusamehe sijui. Ya mwanangu kaa nayo, siwezi kuigusa. Yangu nirejeshee."

Sikujua radhi inarejeshwaje. Nilimnyooshea mikono mitupu kama mtu anayetoa kitu, akaipokea kwa mikono yake, kweli aliipokea, akaifunga kwenye upindo wa kanga. Akaniambia niende. Nilipofika mlangoni alikuwa ameinama, analia kilio ambacho hakulia siku ya maziko, kwa sababu siku ile alifikiri amefiwa na ajali.

Jana nimelala, ndugu yangu. Nimelala mpaka adhana ya alfajiri. Nakuambia wewe kwa sababu hakuna mwengine atakayeelewa kwamba mtu anaweza kunyang'anywa radhi akalala.

Mlango wake umeoza chini, panya wanaingia. Nitatengeneza mpya nyumbani kwangu kwa huu mkono mmoja na nusu, nitampa mtu aupeleke, wala hataambiwa umetoka kwa nani. Mbele yake sitajipeleka mpaka aniite. Kuomba radhi sitaomba tena. Niliipata mara moja kwa kuomba na unaona nilivyoifanya. Huko kwenu nitakuja kila Ijumaa kama kawaida, nitasimama upande wa miguu. Mungu akulaze pema, Feruzi. Siku mama yako atakaponipa ya kwake, naye anajua, nitakuja mbio kukwambia. Na asiponipa mpaka nife, nimewausia jamaa wasimwendee kumuomba.

Mimi niliyekupiga,
Nassor